Chanjo Kwanza, Cheti Baadaye

Jumapili ya Novemba 21, 2021, Mutahi Kagwe, aliyekuwa Waziri wa Afya wa Kenya, aliwapa Wakenya makataa ya mwezi mmoja. Kuanzia Desemba 21, mtu mzima asiye na cheti cha kuthibitisha kwamba amekamilisha chanjo ya Korona hangehudumiwa ana kwa ana katika afisi za serikali. Hangeingia afisi ya ushuru wala ya uhamiaji, hangemtembelea mgonjwa hospitalini wala mfungwa gerezani. Hoteli, mikahawa na baa zinazopokea wateja 50 au zaidi kwa siku ziliagizwa kudai cheti hicho mlangoni. Siku agizo hilo lilipotolewa, watu wazima waliokuwa wamekamilisha chanjo hawakufika asilimia 10.

Hivyo basi, zaidi ya watu wazima tisa kati ya kila kumi walitakiwa waonyeshe kitu ambacho hawakuwa nacho, na ambacho wengi wao hawakuwa na mahali pa karibu pa kukipata. Wiki moja kabla ya makataa kufika, Desemba 14, Jaji Antony Mrima wa Mahakama Kuu alilisimamisha agizo hilo kwa muda. Wengi tulishusha pumzi. Krismasi ikapita, wimbi la Omicron likaja na likaondoka, na Machi 2022 uvaaji wa barakoa hadharani ukaacha kuwa lazima. Mei 5, 2023, Shirika la Afya Duniani likatangaza kwamba Korona si dharura ya kimataifa tena. Mjadala wa cheti ukafa kifo cha kimyakimya, na hilo ndilo linalonitia wasiwasi. Swali halikujibiwa, liliahirishwa tu. Janga jingine litakapobisha hodi, litatukuta palepale tulipoachia.

Msimamo wangu ni huu: kuchanja wakati wa janga ni wajibu wa kila mtu kwa jirani yake, na serikali ina haki, kwa nyakati na mahali maalumu, kumdai raia ushahidi kwamba ametimiza wajibu huo. Lakini haki hiyo haizaliwi na tangazo la waziri. Huzaliwa pale serikali yenyewe inapokuwa imeifikisha chanjo kwa raia, karibu na kwa muda wa kutosha. Kudai cheti kabla ya kufikisha chanjo ni kumtwika mnyonge lawama za uzembe wa wenye nguvu.

Nianze na wale wanaosema mwili ni wangu na uamuzi ni wangu. Mwili ni wako kweli, lakini pumzi unayoitoa ndani ya matatu iliyofungwa madirisha haikai kwako. Anaivuta kondakta, anaivuta mwanafunzi aliyebanwa katikati, anaivuta bibi anayetoka kliniki ya kisukari. Juni 2021, aina ya kirusi iliyoitwa Delta ilipolivamia eneo la Ziwa Victoria, kaunti 13 kuanzia Busia hadi Migori, Kisumu ikiwamo, ziliwekewa kafyu ya saa moja jioni. Wagonjwa walihangaikia oksijeni, na familia nyingi zilizika bila ya wafiwa kukusanyika walivyozoea. Wengi wa waliokufa hawakuambukizwa na adui. Waliambukizwa na watu waliowapenda, waliokula nao sahani moja. Katika ugonjwa wa kuambukiza, huwezi kuchora mstari ukasema huku ni kwangu na kule ni kwako.

Watu wetu wanalijua hilo tangu zamani, na hawakuhitaji kufunzwa na mtu. Mama wa Afrika Mashariki huitunza kadi ya kliniki ya mwanawe kuliko anavyotunza stakabadhi nyingi za nyumbani. Huitia ndani ya mfuko wa nailoni na kuihifadhi sandukuni pamoja na cheti cha kuzaliwa. Ukiifungua utaona tarehe zimeandikwa kwa kalamu tofauti na mikono tofauti: sindano ya kifua kikuu mtoto anapozaliwa, matone ya polio, sindano za wiki ya 6, ya 10 na ya 14, kisha ya surua akitimiza miezi 9. Vivyo hivyo, msafiri anayevuka mipaka ya nchi zetu ameizoea kadi ya homa ya manjano, ambayo tangu Julai 2016 hudumu maisha yote kwa dozi moja. Kwa hiyo anayedai kwamba kuulizwa ushahidi wa chanjo ni jambo geni lililoletwa na Korona hasemi kweli.

Ila tazama kadi hiyo ya mtoto ilivyopata heshima yake. Kwa miaka mingi sindano ilitangulia na kadi ikafuata. Muuguzi alikuwako, siku ya kliniki ilijulikana, huduma ilitolewa bila malipo, na mama aliyekosa wiki hii alijua kwamba wiki ijayo atahudumiwa. Kadi ilikuja kuwa kumbukumbu ya huduma ambayo tayari ilikuwa imemfikia. Agizo la Novemba 2021 liligeuza mpangilio huo juu chini.

Mwaka ule nilikaa kwenye benchi la zahanati moja ya mashambani huku Pwani, nikatazama jinsi mambo yalivyokuwa. Chanjo ya AstraZeneca ilikuja kwenye chupa ndogo yenye dozi 10. Ikishafunguliwa, ilitakiwa itumike ndani ya saa 6, na kilichobaki kilimwagwa. Muuguzi hakuwa na moyo wa kuifungua chupa kwa watu watatu au wanne huku akijua shehena inayofuata haijulikani itakuja lini. Kwa hiyo watu waliketi wakisubiri wenzao wafike, wahesabiwe, watimie. Mama mmoja wa makamo aliyekuwa amepanda bodaboda kutoka mbali aliketi hadi jua likawa la utosi. Hawakutimia. "Mama, tuwie radhi, rudi Alhamisi," muuguzi alimwambia, kwa adabu na kwa haya. Mama alijifunga leso yake, akauliza kama Alhamisi chupa itafunguliwa kwa hakika, na muuguzi hakuweza kumuahidi.

Mama yule hakuwa mkaidi. Hakuwa amedanganywa na uvumi wa mitandaoni, wala hakuwa na shaka na sayansi. Alikuwa ametoa nauli yake na nusu siku yake ya kazi. Lakini kwa kipimo cha agizo la waziri, ifikapo Desemba 21 angehesabiwa pamoja na waliokataa kwa kiburi. Na hata kama angechanjwa Alhamisi ile, cheti chenyewe kilikuwa mtandaoni: ilibidi mtu aingie kwenye tovuti ya wizara, apate ujumbe wa kuthibitisha, kisha akipakue. Mwenye simu ya kabambe, isiyo janja, angeomba msaada kwa kijana wa kioski cha intaneti na kumlipa. Kinachoitwa uwajibikaji wa mtu binafsi kilikuwa kimegeuka kuwa kipimo cha nani anaishi karibu na hospitali kubwa na nani ana simu janja.

Tukumbuke pia kwa nini chupa zilikuwa haba. Kenya ilipokea shehena yake ya kwanza, dozi milioni moja na kidogo, mwanzoni mwa Machi 2021 kupitia mpango wa kimataifa wa COVAX. Muda si muda India, iliyokuwa ikitengeneza sehemu kubwa ya chanjo hizo, ikakumbwa na wimbi kali na ikazuia kuziuza nje. Waliopata dozi ya kwanza wakalazimika kungoja ya pili kwa wiki nyingi kuliko walivyoahidiwa. Wakati huo mataifa tajiri yalikuwa yameshaweka oda za kuwatosha watu wao na kubakiza. Uingereza iliahidi kuipa Kenya dozi 817,000 za AstraZeneca, chanjo iliyobuniwa Oxford, na tukashukuru. Lakini hadi Oktoba 2021, Mkenya aliyechanjwa nchini mwake kwa dawa hiyohiyo alipotua Uingereza alichukuliwa kama mtu asiyechanjwa na kulazimika kujitenga. Umoja wa Ulaya nao ulipoanzisha cheti chake cha kidijitali Julai 1, 2021, chanjo ya AstraZeneca iliyotengenezwa India, ile ambayo Waafrika wengi walipewa, haikuwa miongoni mwa zilizokubaliwa na wakala wa dawa wa umoja huo. Pasi ya chanjo iliyotarajiwa kuonyesha kinga ikawa inaonyesha umechanjiwa wapi. Jambo hilo lilituudhi sana, na tulikuwa na haki ya kuudhika. Basi serikali zetu hazikupaswa kuwatendea wanavijiji wao yaleyale tuliyotendewa sisi kwenye viwanja vya ndege vya Ulaya.

Wapo watakaonijibu kwamba pasi ilifanya kazi, na wana ushahidi. Julai 12, 2021, Rais Emmanuel Macron wa Ufaransa alipotangaza kwamba mikahawa na sehemu za burudani zitahitaji cheti, watu wapatao milioni moja walijiandikisha kuchanjwa ndani ya siku moja hivi. Hapa kwetu Afrika Mashariki, Rwanda ilidai chanjo kwa anayetaka kuingia sehemu za umma na kupanda basi, nayo ikawa miongoni mwa nchi za Afrika zilizochanja watu wengi zaidi. Siwezi kuyapuuza matokeo hayo, maana chanjo ziliokoa maisha ya watu wengi, na mtu aliyesukumwa kuchanjwa na kubaki hai ni bora kuliko aliyeachwa huru akafa.

Lakini angalia ni nini kilichotangulia katika nchi hizo mbili. Mfaransa wa Julai 2021 alikuwa na kituo cha chanjo karibu na kwake, dozi zilikuwa tele, na alichohitaji ni kuchagua siku. Rwanda nayo ilisambaza chanjo hadi wilayani kwanza, ikazipeleka mpaka sokoni. Msukumo ulifanya kazi kwa sababu mlango wa zahanati ulikuwa wazi. Na hata hivyo ulikuwa na gharama yake. Mwanzoni mwa 2022 Wanyarwanda zaidi ya mia walivuka Ziwa Kivu kwa mashua hadi kisiwa cha Idjwi, upande wa Congo, wakikimbia kuchanjwa. Mtu anayeacha shamba lake na kuingia ziwani kwa kuogopa sindano hajapona hofu yake. Ameibeba, ameipeleka kwa watu wa kisiwani, na ataikumbuka siku watoto wake watakapohitaji chanjo ya surua.

Congo nayo inatufundisha jambo jingine: chupa peke yake haitoshi. Mwaka 2021 nchi hiyo ilipokea dozi zipatazo milioni 1.7 kupitia COVAX, na ikalazimika kurudisha takriban milioni 1.3 ili zipelekwe kwingine kabla hazijaharibika. Barabara, majokofu, wauguzi na zaidi ya yote imani ya watu havikuwapo kwa kiwango kilichohitajika. Vitu hivyo havipatikani kwa kuwafungia watu milango ya afisi.

Nimetaja imani, na hapa ndipo penye kidonda. Machi 2020, siku chache tu baada ya kafyu kuanza, mtoto wa miaka 13 aliuawa kwa risasi ya polisi akiwa kwenye roshani ya nyumba yao huko Kiamaiko, Nairobi. Polisi walikuwa wakitekeleza kanuni ya kulinda afya yake. Miezi michache baadaye ikaibuka sakata ya ununuzi wa vifaa vya Korona katika mamlaka ya usambazaji wa dawa, KEMSA, na Wakenya wakaanza kuzungumza juu ya mamilionea wa Korona huku wauguzi wakilalamikia uhaba wa glavu na barakoa. Raia aliyeyaona hayo mawili anapoambiwa na serikali ileile kwamba sasa ni zamu yake kuwajibika, asipoamini tusimwite mjinga. Uvumi kwamba chanjo huleta utasa haukuota hewani. Uliota kwenye udongo ambao serikali yenyewe iliulima.

Sayansi nayo ilikuwa ikibadilika. Hoja kuu ya pasi ilikuwa kwamba aliyechanjwa hamwambukizi mwenziwe. Chanjo ziliendelea kuzuia ugonjwa mkali na vifo kwa kiwango kikubwa, na hilo linatosha kabisa kuwa sababu ya kuchanjwa. Lakini uwezo wake wa kuzuia maambukizi ulipungua kadiri miezi ilivyopita. Siku chache tu baada ya agizo la Kagwe, wanasayansi wa Afrika Kusini na Botswana waliitangazia dunia kuhusu Omicron, iliyowaambukiza waliochanjwa na wasiochanjwa. Austria ilitunga sheria ya kumlazimisha kila mtu mzima kuchanjwa, ikaanza Februari 2022, ikasimamishwa Machi, ikafutwa kabisa kabla mwaka haujaisha. Kanuni inayomnyima mtu haki yake lazima itembee na ushahidi, na ushahidi ukihama, kanuni nayo ihame.

Kuna njia bora, na imewahi kupita katika mwambao huuhuu wa Afrika Mashariki. Oktoba 1977, katika mji wa Merca nchini Somalia, kaskazini ya Barawa kwenye pwani ya Banadir, mpishi wa hospitali aitwaye Ali Maow Maalin aliugua ndui. Alikuwa amewahi hata kufanya kazi ya muda katika kampeni ya kutokomeza ugonjwa huo, lakini yeye mwenyewe hakuwa na kinga. Baadaye alieleza kwamba aliiogopa sindano. Aliambukizwa katika safari fupi ya gari, alipojitolea kumwonyesha dereva njia ya kuwapeleka watoto wawili wagonjwa kwenye kambi ya kutengwa. Kwa hiyo katika siku moja mtu huyo alikuwa mwema kwa jirani yake na pia mzembe kwa jirani yake. Binadamu wengi ndivyo walivyo.

Mji ulifanya nini? Vizuizi viliwekwa kwenye barabara na vijia vyote vya kutoka Merca. Lakini mtu asiye na chanjo aliyefika kizuizini hakurudishwa alikotoka kwa kukosa karatasi. Alichanjwa palepale, akaendelea na safari yake. Katika wiki mbili watu 54,777 walichanjwa. Maalin alipona, akawa mtu wa mwisho duniani kuambukizwa ndui kwa njia ya kawaida, na mwaka 1980 ulimwengu ukatangaza kwamba ndui imetokomezwa. Maalin mwenyewe alirudi kazini miaka mingi baadaye kuwashawishi wazazi wa Somalia wawapeleke watoto wao kupata chanjo ya polio, akiwasimulia hofu iliyomponza. Aliaga dunia mwaka 2013 akiwa katika kampeni hiyo. Angetozwa faini na kufungiwa milango mwaka 1977, sidhani kama angekuwa mjumbe wa namna hiyo.

Hatuhitaji hata kurudi nyuma kiasi hicho. Tanzania ilichelewa kuliko majirani wake wengi: shehena yake ya kwanza ya COVAX, dozi 1,058,400 za Johnson & Johnson, ilifika Julai 2021, na Rais Samia Suluhu Hassan akachanjwa hadharani siku chache baadaye. Mwanzoni mwa 2022 bado ilikuwa miongoni mwa nchi za mkiani barani. Haikuwatishia wananchi wake kwa pasi. Chanjo ilibaki kuwa ya hiari. Chini ya kile walichokiita mpango shirikishi na harakishi, wachanjaji walitoka vituoni wakaenda sokoni, misikitini, makanisani, stendi za mabasi na nyumba kwa nyumba, wakiongozana na viongozi wa mtaa wanaojulikana kwa majina. Mwaka mmoja baadaye Tanzania ilitajwa miongoni mwa nchi za Afrika zilizopiga hatua kubwa zaidi. Watu walewale walioitwa wagumu walinyoosha mkono pale mtu wanayemjua alipobisha hodi.

Kwa hiyo tukae sasa, wakati hakuna anayekimbizwa, tuweke masharti. Kwanza, cheti kisidaiwe eneo lolote kabla chanjo haijapatikana bure kwenye zahanati za eneo hilo kwa miezi kadhaa mfululizo. Pili, anachonyimwa mtu kiendane na hatari anayoileta. Muuguzi wa wodi ya watoto wachanga na mhudumu wa nyumba ya wazee wadaiwe, kwa sababu wao huwashika wasioweza kujikinga. Lakini kumnyima mtu kitambulisho au huduma ya ushuru hakumzuii kuambukiza yeyote. Ni adhabu tu iliyovishwa koti la tiba. Tatu, amri kama hiyo ipitie Bunge, iwe na tarehe ya kukoma na ipimwe upya kila ushahidi unapobadilika; isiwe taarifa ya Jumapili kwa wanahabari. Nne, karatasi yenye muhuri wa zahanati ihesabiwe sawa na cheti cha simu, na mwenye sababu ya kiafya ya kutochanjwa alindwe. Tano, na hili ndilo funzo la Merca, popote cheti kinapodaiwa, sindano iwepo palepale. Afisi isiyoweza kumweka mchanjaji langoni isimweke askari wa kukagua vyeti.

Haya si mambo ya kale. Agosti 2024 ugonjwa wa mpox ulitangazwa kuwa dharura ya kimataifa, Congo ikiwa ndiyo iliyoumizwa zaidi, na dozi za kwanza za chanjo zilifika Kinshasa mwezi uliofuata, ilhali nchi tajiri zilikuwa zimeitumia chanjo hiyo tangu 2022. Mei 2025 mataifa wanachama wa Shirika la Afya Duniani yalipitisha mkataba wa kukabiliana na majanga, unaosema wazi kwamba shirika hilo halina mamlaka ya kulazimisha nchi yoyote kuchanja watu wake. Maana yake uamuzi wa pasi utabaki mikononi mwa serikali zetu wenyewe. Hakutakuwa na shirika la Geneva la kulaumu.

Na raia naye asijifiche nyuma ya makosa ya serikali. Siku chanjo itakapofika kwenye zahanati ya kijiji chake, chupa ikafunguliwa hata kwa watu watatu, muuguzi akamweleza kwa lugha anayoielewa na kumjibu kila swali, udhuru utakuwa umekwisha. Atakayekataa siku hiyo bila sababu ya kiafya, kisha akataka kuingia wodi ya wagonjwa mahututi, azuiwe, nami nitaunga mkono. Ila mpaka siku hiyo ifike, wa kwanza kudaiwa cheti cha uwajibikaji ni serikali.